Nusu ya Kyungu

Laurentine alifika kwa mama yake, mtaani Kapata, asubuhi ya Jumamosi, saa ambayo wanawake wanafagia mbele ya nyumba na vumbi jekundu linarudi palepale lilipotoka. Sisi wa safu ile ya nyumba za kampuni tulikuwa tumemzoea. Alikuwa mtoto wetu, aliyesomea Lubumbashi, akapotelea Ulaya kidogo, kisha akarudi na kamera. Kwanza alishuka Gracien, mtu wake wa sauti, na mifuko yake myeusi. Halafu akashuka yeye, amechoka hata kabla kazi haijaanza.

Uchovu wenyewe haukuwa wa kuigiza. Tangu kiangazi alikuwa anazunguka na hiyo filamu yake, Fungurume kwa madereva wa malori, Mutshatsha kwa wachoma makaa, na hapa Kolwezi kwenye makanisa yaliyoota kila kona. Kote alikuwa na swali moja: sisi watoto wa kambi za mgodi, ambao babu zetu waliletwa kutoka huku na kule, ni watu gani sasa? Kuna waliomjibu vizuri, kuna waliomjibu ovyo ovyo, na kuna waliotaka kwanza soda. Ilibaki sehemu ya mwisho tu. Sehemu hiyo aliichelewesha makusudi, kwa sababu ilikuwa ya nyumbani kwao.

Laurentine alizaliwa pacha. Kwa familia za Kiluba kutoka kaskazini mwa Katanga jambo hilo lina utaratibu wake: anayetangulia anaitwa Kyungu, anayefuata anaitwa Kabange, na kila kitu chao kinagawanywa sawasawa. Padri aliwabatiza Odile na Laurentine, lakini kwa mama yao walibaki Kyungu na Kabange. Odile Kyungu alifariki kwa homa siku za mvua, wakati wote wawili walikuwa wameng'oka meno ya mbele ya utoto. Makaburini hakulia mtu. Wanawake waliimba nyimbo za mapacha, zile zenye matusi ya kuchekesha, na mama yao, Mama Bilonda, akatangaza kwamba Kyungu ameenda kutafuta chumvi. Ndivyo inavyosemwa kwao pacha akiondoka, na yeye hakuwahi kusema vingine.

Wala hakuacha kugawa kwa wawili. Sahani mbili za bukari, yaani ugali wetu, vitenge viwili vya kipande kimoja, ndizi mbili. Laurentine alipopata diploma, mama alimshonea gauni, na pembeni akashona lingine lililo sawa nalo, akalikunja na kuliweka kabatini. Katekista alikuja kumsema. Mama Bilonda alimsikiliza kwa heshima zote, akampa kiti, akampa maji, na alipoondoka akaendelea na mambo yake. Watoto wa mtaa walicheka. Sisi watu wazima tuliacha kucheka zamani.

Sasa hicho ndicho Laurentine alichokuja kukipiga picha. Mama alikuwa ameshakubali kueleza yote. Tatizo lilianzia Brussels, kwa yule aliyekuwa anamhariria filamu. Aliandika kwamba watazamaji hawataelewa habari ya chumvi, watadhani dada mtu yuko hai mahali fulani. Mama aseme wazi, sentensi moja tu inatosha. Laurentine angeweza kukataa. Hakukataa, na ukweli ni kwamba alitaka kuisikia hiyo sentensi yeye mwenyewe. Maisha yake yote alikula akiwa amekaa kando ya sahani isiyoguswa na mtu. Alikuwa amechoka kuwa nusu ya kitu.

Walimkalisha mama karibu na dirisha. Gracien alizima friji, akafunga mlango, akafukuza kuku waliokuwa wanaparua chini ya dirisha. Laurentine akamkumbusha mama taratibu za kazi: sauti ya muulizaji itakatwa, kwa hiyo anayejibu aseme maneno kamili, swali liwemo ndani ya jibu. Mama Bilonda alielewa haraka kuliko watu wengi waliosoma. Alisimulia kuzaliwa kwa mapacha, nyimbo, sherehe, mpaka Gracien mwenyewe akatabasamu. Kisha wakafika pale.

"Kyungu alienda kutafuta chumvi," akasema mama.

Laurentine akaomba arudie kwa njia nyingine. Mama akarudia vilevile. Akaulizwa tena, kwa upole, halafu kwa upole mdogo zaidi. Jua lilipanda, bati la paa likaanza kulia kwa joto, jasho likamtiririka mama shingoni. Mama alikuwa mzee. Laurentine aliliona hilo, akajichukia, na bado akauliza.

"Kabange, kwetu ile habaisemake," mama akanong'ona, maana kwao lile neno halitamkwi.

"Mama, ni neno tu. Sema mara moya, tumalize, tupumuzike."

Mama Bilonda akamtazama binti yake kwa muda. Hakuonekana kukasirika. Alionekana kama mtu anayepima mzigo kabla ya kuutua.

"Na nikisema, nani atamupatia fungu yake?"

"Hakuna mutu wa kupatia, mama. Ile sahani inabakiaka vile vile."

Ndipo mama alipogeuza uso kwenye kamera na kusema, kamili, kama alivyofundishwa: "Mutoto wangu Kyungu alikufa."

Baada ya hapo kuna jambo ambalo watu wa sauti hulifanya kila mahali wanapomaliza. Gracien aliomba wote wanyamaze bila kusogea, ili arekodi ukimya wa chumba. Ukimya huo unasaidia kuziba mahali palipokatwa. Basi walikaa. Mbali, kwenye barabara ya mgodi, lori lilipanda mlima. Bati lililia. Gracien, vipokea sauti vikiwa masikioni, aliinua kichwa ghafla na kutazama nyuma ya kiti cha Laurentine. Akavivua. Akavivaa tena. Akafungua mifuko na kuanza kukunja nyaya zake haraka kuliko kawaida.

Mama aliandaa chakula. Bukari, mboga ya lengalenga, samaki wadogo. Aliweka sahani moja mbele ya Laurentine. Nyingine aliiosha, akaifuta, akaifunika kifudifudi juu ya kabati. Laurentine alitamani kufurahi, akashindwa. Alikula. Chakula kiliisha upesi, akaomba kingine, nacho kikaisha. Alipoomba mara ya tatu mama aliutazama mkono wake badala ya uso. Aliondoka Kapata akiwa na njaa.

Pale mjini Kolwezi walikuwa wamepanga vyumba kwenye nyumba ya wageni karibu na soko. Jioni Laurentine alinunua mkate na kuula wote njiani. Alilala mapema, usingizi mzito, na alipoamka ilikuwa kama hajalala kabisa. Macho yaliwaka. Magoti yalikataa. Akajiambia ni kazi, ni umri, ni vumbi. Asubuhi iliyofuata ikawa hivyo hivyo, na iliyofuata pia. Kila alipoamka alijikuta ukingoni mwa godoro, karibu kuanguka. Upande wa pili, kwenye ukuta, shuka lilikuwa limekunjamana.

Alipungua. Sketi zilimwanguka kiunoni, akazifunga kwa pini. Mwenye nyumba ya wageni, mama mmoja mcheshi aitwaye Ndaya, alimtania kwamba chakula chake kinaingia kwenye mfuko uliotoboka. Laurentine alicheka. Alipocheka aligundua kwamba pumzi haikutosha kukimaliza kicheko.

Kisha Gracien akamwita chumbani kwake. Ilikuwa mchana, mlango wazi, muziki wa baa ya jirani ukiingia bila aibu. Alikuwa anapanga sauti za mahojiano ya wiki ile. Alikuwa amekunja uso.

"Yaya, sikiliza weye mwenyewe." Yaya kwetu ni dada mkubwa.

Laurentine akavaa vipokea sauti. Alisikia swali lake, lile alilomuuliza mwenye saluni mmoja wa mjini siku iliyopita, kujazia mahali palipopungua kwenye filamu. Lilitoka sikio la kushoto tu. Akamwambia Gracien kwamba kifaa kimeharibika. Gracien akatikisa kichwa, akamsogezea mbele kidogo, na mwenye saluni akajibu kwa masikio yote mawili, safi kabisa. Laurentine alipouliza tena kwenye rekodi, sauti ikarudi kushoto. Gracien akaongeza upande wa kulia. Mle kulikuwa na kitu. Kilikuwa kidogo. Kilikuwa kinavuta pumzi. Kila Laurentine alipomaliza swali, upande ule ulivuta pumzi, kama mtoto aliyenyoosha kidole darasani akisubiri zamu yake.

Alivua vile vitu na kuviweka kitandani taratibu.

"Imeanzia wapi?" akauliza.

Gracien alijibu akiwa anatazama sakafu. Ilianzia Kapata. Katika ule ukimya wa chumba.

Siku hiyo hiyo Laurentine aliamuru ile sentensi ya mama ifutwe. Ikafutwa, na nakala yake, na ukimya uliofuata. Akamwandikia mtu wa Brussels kwamba haipo na haitakuwepo. Halafu akanunua sahani ya maharage sokoni na kuila amesimama, akangoja shibe. Shibe haikuja. Ilikuja nusu yake.

Alienda kwenye kituo cha afya. Muuguzi alisikiliza kifua chake kushoto, akasikiliza kulia, akarudi kushoto, akarudi kulia. Akabadilisha kifaa. Mwishowe akasema upande wa kulia unapitisha hewa kidogo sana, na wiki ijayo itabidi apelekwe kupigwa picha ya kifua. Laurentine alitoka akakaa kwenye ngazi za nje. Hakuwa na nguvu ya kuogopa. Alikaa pale kama gunia, watu wakimruka, na ndipo mambo yalipojipanga kichwani mwake bila yeye kuyaita. Miaka yote ile mama alikuwa anamlisha Kyungu. Laurentine ndiye aliyemwambia aache. Sasa mtoto anakula wapi? Anakula kwa aliye karibu naye. Anachukua fungu lake, wala hazidishi. Na mtu hawezi kuishi kwa nusu ya pumzi.

Akarudi Kapata.

Mama Bilonda alikuwa amekaa kwenye kibaraza kana kwamba anamngoja. Alimwona binti yake akishuka garini kwa kushikilia mlango, mifupa ya mabega imechomoza, akaingia ndani. Alipindua ile sahani, akapakua kwa wawili. Akatandika vitenge viwili. Akalitoa lile gauni kabatini na kulilaza juu ya kiti. Wakakaa. Laurentine akala, mama akimtazama mdomoni.

"Umeshiba?"

"Hapana, mama."

Mama aliketi vizuri. Mikono aliilaza mapajani.

"Hatarudi kwa hii sahani. Nilisema alikufa, na alinisikia. Alikuwaka mutoto wa kusikia."

Laurentine akataka kusema samahani. Ilitoka hewa tu. Akauliza basi Kyungu anataka nini kwake.

"Fungu yake. Mapasa banagawanyaka sawasawa."

"Mpaka wapi, mama?"

Mama alinyoosha mkono akamshika Laurentine kifuani, upande wa kulia, akauacha pale. Laurentine alihisi kiganja kile kigumu cha kuuza makaa. Alihisi pia kwamba chini ya kiganja hakuna kinachotembea. Mama alifunga macho. Alipoyafungua alikuwa na uso wa mtu aliyemaliza hesabu ndefu na kupata jibu alilolijua tangu mwanzo. Alimwambia Laurentine arudi mjini akalale. Gracien ampeleke. Yeye mama atazungumza na pacha mwenzake.

Hapa ndipo pagumu kusimulia. Laurentine alijua. Hakujua kwa maneno, lakini alijua kama unavyojua mvua inakuja kabla hujaliona wingu. Alitaka kumuuliza mama anakusudia nini. Alitaka kumwambia kwamba hataki, kwamba wagawane hivyo hivyo, potelea mbali. Alichoka mno. Alisimama, akambusu mama kwenye paji la uso, akatoka. Baadaye alituambia kwamba katika maisha yake hakuwahi kuchoka namna ile, na kwamba hata hivyo haikuwa sababu ya kutosha.

Mlango ulipofungwa nyuma yake alisikia sauti ya mama ndani. Ilikuwa ya chini, sauti ya kumbembeleza mtoto mkaidi atoke uvunguni, na ya kukiri kwamba aliyesema ni yeye.

"Kyungu, kuya kwangu. Mi njo nilisema. Wachia mwenzako."

Laurentine alikuwa anashuka kibaraza. Mkono wake wa kulia ukawa mwepesi. Kitu kilikuwa kimeushika, siku zote hizo, bila yeye kujua kwamba kimeushika. Kikauachia. Hakugeuka nyuma. Alitembea hadi kwenye gari. Gracien aliwasha, wakashika njia ya mjini.

Pale kwa Mama Ndaya alikula sahani moja akaacha chakula. Alikitazama kile kilichobaki, akasogeza kiti mbali nacho. Giza lilipoingia tu akalala. Aliamka jua limeshajaa chumbani. Alikuwa katikati ya godoro, amelala chali, mikono na miguu ameitawanya kote. Macho hayakuwaka. Magoti yalimbeba. Alivuta pumzi, na pumzi ikaingia pande zote mbili hadi chini kabisa, tamu, na hapo hapo akaanza kulia kwa sauti. Simu ilikuwa bado haijalia.

Ilipolia alikuwa ni Jocelyne, jirani wa mlango wa pili, aliyeona Mama Bilonda hajafagia.

Sisi wanawake wa safu ndio tuliomwosha. Alikuwa amelala ubavu, uso umetulia, kama mtu aliyesubiriwa muda mrefu na hatimaye amefika. Hakuna aliyekuta chupa, wala jeraha, wala povu mdomoni. Daktari aliandika moyo. Lakini mkono wake wa kushoto ulikuwa umekunjwa mbele yake, umezunguka, na kiganja kimeelea juu ya shuka bila kugusa kitu, umbali wa mgongo wa mtoto mdogo. Tuliukanda kwa maji ya moto. Tuliupaka mafuta. Jocelyne, ambaye anabeba magunia sokoni, aliuvuta mpaka akatoa jasho. Viungo vingine vyote vililegea tulipovilaza. Ule mkono haukukubali kunyooka.

Ngoyi, fundi seremala, aliitwa apime upya. Alinung'unika kidogo, kwa sababu sanduku lilikuwa limeshaisha, kisha akauona mkono wenyewe, akaung'oa ubao wa ubavu mmoja na kulipanua sanduku. Tulimlaza mama vilevile alivyokuwa, kwa ubavu, na nafasi ile mbele yake tukaiacha wazi. Hakuna aliyependekeza tuweke nguo pale.

Wakati wa kufunga, Laurentine aliomba dakika. Tulidhani anataka kuaga. Aliinama juu ya sanduku na kuushika uso wa mama, uliokuwa wa baridi kama sakafu, akashika bega, baridi vilevile. Kisha akaingiza mkono wake pale ndani, katika lile duara la mkono uliokunjwa, juu ya shuka tupu. Aliuacha mle kwa muda. Nilikuwa nimesimama karibu yake, na nikamwona anavyobadilika uso. Alinishika kiganja, akakipeleka palepale.

Palikuwa na joto.

Aliutoa mkono wangu, akautoa wake, akalivuta shuka juu kidogo na kulichomeka pembeni. Ngoyi alikuwa ameshainua nyundo. Laurentine akamsogelea, na kwa sauti ya chini akamwomba apige misumari polepole.